Ujumbe wa Zubeda Kwenye Laini Yangu

Jumapili. Mvua imeacha sasa hivi na bati bado linadondosha. Mtaa wetu wa Mvara, hapa Arua, wote uko kanisani isipokuwa mimi. Nimesema kichwa kinaniuma. Hakiumi.

Naandika kwa Kiswahili, kama kawaida yangu hapa. Baba alikuwa mwanajeshi, kambini tuliongea Kiswahili, nami nikaishia kukifundisha sekondari. Mume wangu Andama anakijua kile cha sokoni. Kukisoma kunamchosha baada ya mistari miwili, na zamani tulikuwa tukilicheka jambo hilo pamoja. Siku hizi nimelifurahia peke yangu, kwa sababu nyingine, na sababu yenyewe si nzuri.

Nianze na laini.

Simu yangu iliibiwa sokoni, pamoja na mkoba uliokuwa na kitambulisho. Bila kitambulisho huwezi kusajili laini, kwa hiyo Andama akaninunulia nyingine na kuisajili kwa jina lake. Aliinunua mjini Koboko, ambako ana duka la spea za pikipiki na ambako hulala siku mbili tatu kila wiki. Aliponipa ilikuwa imeshatolewa kwenye karatasi yake. Wakati ule sikuona neno.

Asubuhi iliyofuata ujumbe ukaingia. "Habari za asubuhi, mama Zubeda. Mtoto wako sasa anaweza kukaa akiegemea mto. Zungumza naye mara nyingi, anaijua sauti yako." Chini yake ukafuata mwingine: salio langu limekatwa kulipia huduma ya mama na mtoto.

Nikacheka. Nikamwonyesha Andama. Alisoma polepole, akanirudishia simu na kusema, "Matangazo hayo. Achana nayo."

Alinirudishia haraka mno. Au ndivyo nilivyoona.

Kesho yake ukaja tena, na kesho yake tena. Nikiweka salio jioni ili niwapigie wazazi wa wanafunzi, asubuhi nakuta limeliwa. Nikajibu kwa neno ACHA, kama maelekezo yao yalivyosema. Wakanishukuru, wakasema ombi langu limepokelewa. Asubuhi iliyofuata mtoto wa Zubeda akaanza kuota meno.

Nikaenda ofisi ya kampuni ya simu, ile iliyo mjini upande wa Arua Hill. Msichana wa dirishani aliangalia kompyuta yake kwa muda, kisha akaniuliza kama mimi ndiye Zubeda. Nikasema hapana. Akasema huduma hiyo ilianzishwa na Zubeda mwenyewe, akaiwekea namba ya siri, na bila namba hiyo haifungwi. Labda mwenye laini aje.

"Laini iko kwa jina ya nani, madam?"

"La mume wangu."

Alinitazama jinsi watu wanavyomtazama mtu kwenye msiba ambaye bado hajaambiwa aliyekufa ni nani.

"Basi mwambie bwana akuje mwenyewe," akasema. "Yeye atajua."

Yeye atajua. Nilirudi nyumbani kwa miguu nikiwa na maneno hayo mawili tu kichwani.

Andama alisema angekwenda Jumatatu. Jumatatu pikipiki ya mteja ikamchelewesha. Akasema wiki ijayo. Wiki ijayo akasahau. Mtu anayesahau kitu kinachomkera mke wake kila asubuhi, amesahau au amekataa?

Tuna mabinti wawili, Ayikoru na mdogo wake. Mama mkwe wangu, aliye kijijini Aroi, hajawahi kunitukana. Huuliza tu, kila tukienda, kama nyumba imejaa, yaani kama kuna mtoto wa kiume. Andama humwambia imejaa. Siku zile nilianza kujiuliza kama anamwambia hivyo kwa ajili yangu, au kwa sababu kwake yeye kweli imejaa, mahali pengine.

Nikawa mtu wa kuangalia. Andama akitoka nje kupokea simu, nasimama karibu na dirisha. Akicheka, nataka kujua anacheka na nani. Siku moja nafua shati lake nikaona kifungo kimoja kimeshonwa upya, kwa uzi mzuri, kwa mkono wa mtu anayejua kazi. Sikukishona mimi. Nilikaa na shati hilo majini mpaka povu likaisha.

Na kila asubuhi, huyo mtoto. Amekula uji. Amejifunza kupiga makofi. Anamtambua baba yake.

Huo wa baba niliusoma Andama akiwa ananawa uso pembeni yangu.

Halafu, wiki iliyopita, simu ikaita. Mwanamke, sauti nzito, Kiswahili cha upande wa Kongo.

"Zubeda! Ni mimi Mama Safi, wa Ariwara. Nguo yangu ulimaliza? Nilikuwa mugonjwa, sikufika soko ya Koboko siku mingi."

Ilinipasa kumwambia amekosea namba. Ndilo jambo lililokuwa sahihi. Badala yake nikauliza kama bado anapajua mahali pa kufika.

"Si pale pale, nyuma ya soko, kwa baraza ya duka ya vitenge? Au ulihama? Ile bwana yako ya Arua alikutoa?"

Nikakata simu.

Bwana yako ya Arua. Fundi wa nguo. Kifungo.

Sikumwambia mtu. Nilipika, nikasahihisha madaftari ya wanafunzi, nikamuuliza Andama kama anataka chai. Nilishangaa jinsi ilivyokuwa rahisi. Nadhani hilo ndilo lililonitisha zaidi, kwamba ninaweza kumwekea mtu sukari kwenye kikombe huku nikimwaza hivyo. Nikawaza basi na yeye anaweza.

Jana, Jumamosi, Andama alikwenda Aroi kumsaidia mama yake kung'oa mihogo. Nikawaacha watoto kwa jirani, nikachukua kitenge kipya kutoka sandukuni na kupanda gari la Koboko. Njia nzima nilikuwa nikipanga maneno. Mengine yalikuwa ya kistaarabu. Mengi hayakuwa.

Baraza niliipata bila taabu. Cherehani moja ya kukanyaga kwa mguu, nguo zimetundikwa, na mwanamke mwembamba aliyejifunga leso nyeupe kichwani. Nilitazama kwanza chini, pembeni, nyuma ya cherehani. Natafuta mkeka. Natafuta chupa ya maziwa, kitambaa cha mtoto, chochote. Hapakuwa na kitu ila vipande vya nguo, pini na nyuzi.

"Karibu, mama. Wewe nataka nguo ya namna gani?"

Nikasema gauni, la kwenda harusini. Uongo ulitoka laini kabisa. Akachukua futi, akaniambia nisimame wima. Akanipima mabega, kifua, kiuno. Mikono yake ilikuwa myepesi na baridi kidogo. Alikuwa karibu yangu kiasi kwamba nilisikia pumzi yake, nami nikawa namkagua: masikio, shingo, mikono, umri. Ni mdogo kwangu. Ni mzuri, kwa ule uzuri wa mtu aliyechoka. Nilimchukia kwa muda wote ule wa kupimwa.

Alipomaliza akatoa simu.

"Nipe namba. Nguo ikiisha nitapiga."

Nilikuwa nimeingoja nafasi hiyo bila kujua kwamba naingoja. Nikaitaja namba yangu polepole, tarakimu moja moja, nikimtazama usoni.

Katikati ya namba kidole chake kikasimama. Nikaendelea mpaka mwisho. Hakuandika. Akaketi kwenye kiti chake cha kushonea, taratibu.

Nikajiambia: ndiyo hiyo. Nimempata.

"Hii namba ilikuwa yangu," akasema.

"Najua."

"Bado wanaandika?"

Sikumwelewa. Nilikuwa nimejiandaa kwa kukana, kwa matusi, kwa kilio. Swali hilo halikuwa kwenye yale niliyoyapanga njiani.

"Wale watu ya mtoto," akasema. "Bado wanaandika?"

"Kila asubuhi."

Akaitikia kwa kichwa, mara nyingi, kama mtu anayesikiliza habari za nyumbani. Kisha akauliza, kwa sauti ya chini:

"Sasa wanasema anafanya nini?"

Hapo ndipo nilipoanza kuelewa, na nilipoelewa nilitamani ardhi inimeze. Nilimpa simu. Sikuweza kusoma kwa sauti. Akasoma mwenyewe, midomo ikicheza. Ujumbe wa asubuhi hiyo ulisema: "Mama Zubeda, mtoto wako anaanza kutambaa. Hakikisha hakuna vitu vyenye ncha sakafuni."

Akatazama sakafuni kwake, penye pini zilizotapakaa. Akaniangalia. Akatazama tena sakafuni.

Nikaketi kwenye ngazi ya baraza.

Alinieleza bila kulia. Nesi mmoja alimwambia kuhusu huduma hiyo mimba ilipokuwa changa, akajiandikisha, akachagua Kiswahili. Aliipenda. Alikuwa akisoma ujumbe wa asubuhi kabla ya kunywa chai. Mtoto, wa kiume, alifia tumboni karibu na siku zake, akazaliwa kimya. Alimzika Koboko. Na siku ambayo hesabu yao ilisema azaliwe, walimtumia pongezi.

"Mimi niliandika ACHA," akasema. "Wakasema asante. Asubuhi wanauliza kama mtoto ananyonya. Nikapiga ile namba yao. Mashine naongea, bonyeza moja, bonyeza mbili. Hapana kuwa na namba ya kubonyeza kama mtoto alikufa."

Namba ya siri alikuwa nayo, lakini hakuna aliyemwambia kwamba ndiyo ya kufungia. Siku moja ujumbe uliingia akiwa anamshonea mtu nguo ya mtoto mchanga. Akaitoa laini kwenye simu na kuitupa chooni. Akanunua nyingine. Wateja wake wengi wakampotea hapo.

Laini isiyotumika, kumbe, baada ya muda kampuni huichukua na kumwuzia mtu mwingine. Kuna mtu aliyetakiwa kuisafisha kwanza, nadhani. Hakuisafisha. Andama akaingia duka fulani Koboko, akanunua laini, akaniletea mimi pamoja na mtoto wa Zubeda.

Ilinipasa kuishia hapo. Mtu mwenye heshima angeishia hapo, angesema pole na kuondoka. Lakini lile neno la Mama Safi lilikuwa bado linanichoma, na nikauliza. Nitaliandika hapa kwa sababu hapa ndipo ninaposema kweli. Mbele ya mwanamke ambaye ametoka kunieleza kaburi la mtoto wake, niliuliza:

"Baba yake ni nani?"

Alinitazama. Kisha uso wake ukabadilika, nikaona ameyaona yote: kitenge, harusi ya uongo, macho yangu yalipokuwa chini ya cherehani.

"Wewe hapana kuja kushona nguo."

"Hapana."

"Ulifikiri ni bwana yako."

Nikakubali, nikamwambia nimetoka Arua.

"Umetoka Arua mpaka hapa kuangalia tumbo yangu," akasema, na sasa sauti ilipanda, mwanamke wa duka la vitenge akageuka. "Nikakupima, nikakuita mama. Na wewe unanihesabu tu!"

Alikuwa na haki. Alisimama, akaikunja futi yake, akaikunjua, akaikunja tena. Halafu akasema, kama anayetupa kitu chini, kwamba bwana yake alikuwa dereva wa lori, anaitwa Sadiki, kwao ni Arua. Alikuja kwenye maziko, akakaa siku chache, akapeleka mzigo Juba. Hajarudi. Akanionyesha picha kwenye simu. Mwanamume mrefu, mweusi sana, mwenye pengo la meno. Si Andama.

Nilifurahi.

Ndiyo, nilifurahi, pale pale, kifuani mwangu kitu kikafunguka kama dirisha, na yeye akaiona furaha hiyo usoni mwangu kabla sijaificha. Sijui kama nitaweza kuusahau uso aliouweka.

Nikamwomba msamaha. Nilitumia maneno yote ninayoyajua, na kazi yangu ni maneno. Akaenda kumhudumia mteja aliyefuata suruali. Kisha alirudi na kuketi karibu yangu kwenye ngazi, akanyoosha mkono.

"Leta simu. Tuifunge."

Nikapiga ile menyu. Ikauliza namba ya siri. Akanigeuzia bega ili nisione, akaandika. Ikauliza: una uhakika unataka kujiondoa? Moja ndiyo, mbili hapana.

Hapo kidole chake kikasita. Watu wakapita. Mtu akauliza bei ya zipu, hakumsikia. Nilielewa tu kwamba kwenye dunia yote, kitu pekee kilichokuwa bado kinamkuza yule mtoto ni mashine hiyo mbaya iliyokula salio langu.

Nikasema, "Zubeda, si lazima leo. Mimi naweza kuendelea kulipa."

"Hapana," akasema. "Mtoto yangu hapana tambaa."

Akabonyeza moja.

Ujumbe ukaja mara moja, kwamba amejiondoa, kwamba wamesikitika, kwamba anakaribishwa tena wakati wowote. Aliufuta mwenyewe. Akafuta na yote ya nyuma. Nilimwacha.

Nilipoinuka akaniuliza kama gauni nalitaka au silitaki. Nikasema nalitaka. Akasema basi harusi nitaitafuta mwenyewe, na kwa mara ya kwanza nikaona kama kicheko, kidogo, upande mmoja wa mdomo. Akanipa namba yake mpya. Nami nimemtumia ile ya Mama Safi wa Ariwara.

Nilifika nyumbani jioni. Andama alikuwa ameketi barazani, viatu bado vina udongo wa Aroi, watoto ameshawachukua kwa jirani, wamelala mapajani pake. Hakunisalimia.

"Koboko ulifuata nini?"

Mwenye duka jirani na lake aliniona. Alimpigia simu kumwambia kwamba mama Ayikoru ameketi kwenye ngazi ya mtu nyuma ya soko, anafuta machozi. Sikujua kwamba nililia. Nilimtazama usoni nikaona kitu nilichokuwa nakiona kwenye kioo changu kwa muda wote huu. Alikuwa amekaa barazani hapo saa nzima akinihesabu mimi.

Nikamweleza. Yote, tangu ujumbe wa mtoto anayeegemea mto mpaka picha ya dereva. Sisi huongea Kilugbara nyumbani, na nimegundua kwamba kwa Kilugbara hadithi hiyo inakuwa fupi na mbaya zaidi. Alisikiliza. Nilipofika kwenye kifungo akalishika shati lake.

"Kuna mzee fundi pembeni ya duka langu," akasema. "Kilikatika nikiwa kazini."

Na mimi, baada ya yote hayo, nikawaza kwamba ningependa kumwona huyo mzee.

Andama akawabeba watoto ndani, akarudi. "Ofisi ya simu sikwenda kwa sababu nilikuwa mvivu," akasema. "Niliona ni jambo dogo. Hilo ni kosa langu. Lakini wewe ulinipikia, ukalala kitandani kwangu, ukijua moyoni kwamba nina mwanamke na mtoto. Ungeendelea mpaka lini?"

"Mpaka nijue."

"Na kama ingekuwa kweli?"

Aliingia kulala.

Leo asubuhi hakuna ujumbe ulioingia. Niliamka kwa wakati wake, kama kawaida, mkono ukaifuata simu. Salio lipo lote. Ilinipasa kufurahi. Nililala tena nikitazama paa, na nyumba ilikuwa kimya kama chumba ambacho mtoto ametolewa.

Kabla ya kwenda kanisani na watoto, Andama aliingia chumbani tayari amevaa. Akaitoa simu yake mfukoni, akaiweka mezani mbele yangu. Akanitajia namba ya kuifungua, kwa sauti ya kawaida, kama mtu anayekuelekeza chumvi ilipo.

"Angalia," akasema. "Angalia yote. Halafu tuishi."

Wakaondoka. Nikabaki na mvua, na simu hiyo.

Nimeandika haya yote ili mikono yangu iwe na kazi. Nikiiangalia na nisikute kitu, nitaamini? Au nitasema amefuta, kama Zubeda alivyofuta mbele ya macho yangu, haraka, kwa kidole kimoja? Najijua sasa. Nitasema amefuta. Halafu nitamtafuta mzee fundi, na nikimpata nitauliza nani alimlipa. Hakuna menyu ya kujiondoa kwenye hili, na namba yake ya siri nimeiweka mimi mwenyewe.

Nasikia watu wanatoka kanisani. Sauti ya Ayikoru iko barabarani, anaimba, na baba yake anamwitikia vibaya makusudi ili amcheke.

Simu iko pale alipoiweka. Leo sijaigusa. Ya kesho sitayaahidi.